Swali la mkunga na seli zilizosafiri kutoka mgongoni

"Mtoto ameshapata choo?"

Aliyewahi kulazwa wodi ya wazazi analijua swali hili. Mkunga huliuliza asubuhi, muuguzi wa zamu ya mchana hulirudia, na bibi wa mtoto akija na chupa ya uji naye huliuliza. Wengi hudhani ni mambo ya usafi tu. Kumbe linapima kazi iliyofanyika miezi minane nyuma, wakati mama mwenyewe huenda alikuwa bado anahesabu siku, hajui kama ni mimba au amechelewa tu.

Mwishoni mwa wiki ya tatu tangu mimba itungwe, kiinitete, yaani mtoto anayeanza tu kuumbika, hakijafika hata milimita 3. Upande wa mgongoni, seli zinainuka huku na huku kama tuta mbili zenye mfereji katikati. Tuta hizo husogeleana, hukutana kwa juu, na mfereji hugeuka mrija. Ndio utakaokuwa ubongo na ugwe mgongo. Habari za mrija huu kushindwa kufunga wengi mmezisikia kliniki, maana ndizo zinazoleta mgongo wazi, na ndiyo sababu ya kuhimizwa kumeza foliki asidi mapema. Leo sitakaa hapo. Tutazame pale juu kabisa, tuta zinapokutana kama mdomo wa gunia unaoshonwa. Seli zilizo kwenye mshono huo haziingii kwenye mrija, wala hazibaki kuwa ngozi. Zinaondoka.

Mswisi Wilhelm His ndiye aliyezieleza mwaka 1868, alipokuwa akichunguza viinitete vya kuku. Aliona mkanda mwembamba umekaa kati ya mrija na ngozi. Siku hizi tunaziita seli za ukingo wa neva, na sisi tunaofundisha embriolojia tunazipenda kupita kiasi, wanafunzi wanatutania kwa hilo. Lakini hakuna seli nyingine mwilini zenye visa kama hivi. Kwa kawaida seli jirani hushikana kwa protini zinazofanya kazi kama udongo kati ya tofali na tofali. Seli za ukingo hupunguza gundi hiyo, hubadili umbo, huchomoza vijiguu na kupenya katikati ya wenzake. Seli za saratani zinapotoka kwenye uvimbe kwenda kuota kwingine hutumia ujanja unaofanana sana na huu, na ndiyo maana watafiti wa saratani nao wanazifuatilia.

Zinakwenda wapi? Karibu kila mahali. Zinazotoka eneo la kichwa hujenga sehemu kubwa ya mifupa ya uso, taya, na dentini iliyo chini ya enameli ya meno. Baadhi hushuka kifuani kusaidia kutenganisha mishipa mikubwa miwili inayotoka kwenye moyo. Nyingine huwa neva za kuhisi maumivu na joto, nyingine huwa kiini cha tezi zilizokaa juu ya figo, zile zinazomwaga adrenalini ukikoswakoswa na bodaboda. Rangi ya ngozi na nywele nayo hutengenezwa na seli za asili hiyo hiyo. Wanyama wenye uti wa mgongo, kuanzia samaki hadi sisi, wanazo. Pweza hana.

Kwamba mfupa wa uso unatokana na seli za mgongoni hakukukubalika kirahisi. Mwaka 1893, Mmarekani Julia Platt aliandika kwamba gegedu (mifupa laini) za kichwa cha salamanda fulani wa majini zinatoka kwenye tabaka la nje la kiinitete, lile lile linalozaa ngozi na mrija wa neva. Wakubwa wa fani wakamjia juu, kwani wakati huo ilikuwa kama kanuni ya dini kwamba gegedu na mifupa hutoka tabaka la kati tu. Alipata shahada ya uzamivu (PhD) Ujerumani, lakini kazi ya chuo kikuu hakuipata. Akarudi California, akaishi Pacific Grove, na mwaka 1931, akiwa na zaidi ya miaka 70, akachaguliwa kuwa meya wa mji huo. Alikuwa sahihi. Sayansi ilichukua miongo kadhaa kukiri.

Ushahidi uliofunga mjadala ulitoka kwa kware. Wakenya wataikumbuka ile homa ya mayai ya kware ya mwaka 2013 na 2014, watu walivyouza hata vitu vya ndani wanunue vifaranga. Basi huko Ufaransa, mwaka 1969, Nicole Le Douarin alikuwa amekwisha kuona faida nyingine ya ndege huyu. Ndani ya kiini cha seli ya kware mna donge linaloonekana wazi kwa hadubini seli ikitiwa rangi maalumu. Seli ya kuku haina. Akafungua yai la kuku, akaondoa kipande cha mrija wa neva cha kiinitete, akapachika mahali pake kipande cha kware wa umri uleule. Kisha akafuatilia, kama mtu aliyeweka pete miguuni mwa njiwa, seli za kware zimefikia wapi ndani ya mwili wa kuku. Walioanguliwa walikuwa na manyoya ya rangi ya kware pale palipopachikwa. Na kwa njia hiyo ilionekana pia kwamba neva za utumbo asili yake si utumboni. Nyingi hutoka eneo la nyuma ya kichwa na shingo.

Hapo ndipo tunarudi kwa mkunga.

Seli hizo huingia kwenye mwanzo wa njia ya chakula takriban wiki ya nne, huteremka zikizaana njiani, na hufika mwisho wa utumbo mpana karibu wiki ya saba. Huko nyuma zinaacha mtandao wa neva zaidi ya milioni 100, unaouamrisha utumbo ubane hapa na kulegea pale ili chakula kisonge. Zikiishiwa nguvu kabla ya kufika, kipande cha mwisho cha utumbo hubaki bila neva. Hakijaziba, ukipitisha mpira unapita. Ila hakijui kulegea. Kimebana, na kinyesi hukwama juu yake.

Huo ni ugonjwa wa Hirschsprung, na humpata takriban mtoto 1 katika kila 5,000 wanaozaliwa hai, wavulana zaidi ya wasichana. Jina ni la daktari wa watoto wa Copenhagen, Harald Hirschsprung, aliyewaeleza wenzake mwaka 1886 juu ya watoto wawili waliokufa matumbo yakiwa yamefura. Yeye aliutazama utumbo uliotanuka, kama ambavyo ningefanya mimi na wewe. Kwa zaidi ya miaka 50 madaktari waliendelea kuhangaika na sehemu iliyovimba, na ugonjwa ukirudi, hadi miaka ya 1940 ilipoeleweka kwamba mkosaji ni kile kipande chembamba kilicho chini, kinachoonekana kizima. Orvar Swenson wa Boston alichapisha mwaka 1948 upasuaji wa kukiondoa na kuivuta sehemu yenye neva hadi chini.

Mtoto aliyetimiza miezi yake kwa kawaida hutoa kile kinyesi cheusi cha kunata ndani ya saa 24. Saa 48 zikipita bila kitu, tumbo likijaa, akatapika kijani, msimpe dawa ya mchango. Nasema haya nikiwaheshimu bibi zetu, kwani tumbo la mtoto kweli hujaa kwa mengi. Lakini nyumbani huko ndiko siku zinakopotea: leo mizizi, kesho kupigwa bomba, choo kinatoka kidogo, kila mtu anafurahi, wiki ijayo hali ni ile ile. Wapo wanaofika hospitali wakiwa na miaka miwili au mitatu, tumbo kama ngoma, miguu myembamba, wakidhaniwa wana utapiamlo tu. Na akipata homa pamoja na kuhara maji yenye harufu kali, usisubiri kupambazuke: utumbo umeshambuliwa na anaweza kufa.

Mama hakula kitu kibaya. Mara nyingi chanzo ni jeni, mojawapo ikiitwa RET, na baadhi ya familia hupata zaidi ya mtoto mmoja.

Wakati mwingine dalili huonekana kwenye rangi. Seli za rangi hutoka mgongoni na kuteremka ubavuni. Tazama mbuzi mnadani, mabaka meupe mara nyingi yako tumboni, miguuni na kwenye paji, mbali na zilikoanzia. Marekani kuna farasi wa mabaka ambao wakipandishwa wawili wenye hitilafu moja ya jeni, huweza kuzaa mtoto mweupe kabisa anayekufa ndani ya siku chache, kwa kuwa utumbo wake hauna neva. Kwa binadamu ipo hali iliyoelezwa na Mholanzi Waardenburg mwaka 1951: kishungi cha nywele nyeupe, macho ya buluu, na uziwi, maana sikio la ndani nalo huhitaji seli za rangi. Baadhi yao wana utumbo usio na neva pia. Si ualbino, mwenye ualbino seli zake za rangi zilifika salama, kinachopungua ni melanini. Kwa hiyo yule mtoto Mwafrika mwenye macho ya buluu angavu, ambaye picha zake husambazwa mitandaoni kama maajabu, kwanza apimwe masikio.

Uthibitisho wa Hirschsprung ni kipande kidogo cha nyama kutoka ndani ya njia ya haja kubwa, kinachotazamwa kwa hadubini kama kuna seli za neva. Zisipoonekana, mtoto huandaliwa kwa upasuaji. Mezani, daktari hukata vipande vidogo vidogo akipanda juu ya utumbo, kila kimoja kinapelekwa maabara, naye anasubiri jibu kabla ya kukata kingine. Hakuna, hakuna, kisha zipo. Hapo ndipo seli zilipoishia wiki ya saba, na hapo ndipo anapounganisha.