Treni ya pili ndiyo inayochekesha

Nikifundisha uhariri wa video, huwa naanza na One Week, filamu fupi ya mwaka 1920 ya mchekeshaji wa Marekani, Buster Keaton. Haina sauti, ni ya dakika 20 hivi, na bado darasa linavunjika mbavu.

Maharusi wamezawadiwa nyumba iliyokuja ndani ya maboksi yenye namba, wajijengee wenyewe. Jamaa aliyekataliwa na bibi harusi anazibadili namba kisirisiri. Keaton, ambaye ndiye bwana harusi, anafuata maelekezo kama yalivyo, na nyumba inatoka kilema: kuta zimepinda, mlango wa ghorofani unafungukia hewani. Naye hatabasamu hata kidogo. Alikulia jukwaani, baba yake akimrusha huku na huko mbele ya watu, na mapema akang'amua kwamba akikausha uso ndipo wanapocheka zaidi.

Dhoruba inapoanza, nyumba inazunguka kama pia. Si ujanja wa kamera: ilijengwa juu ya jukwaa la kuzunguka, ikazungushwa kweli, na Keaton anauvizia mlango unaompita kila mara. Tunamwona yeye mzima na nyumba nzima kwa pamoja. Ukikata hapo ukaleta uso wake karibu, umeua kichekesho, maana mtazamaji ataanza kushuku kwamba anachezewa. (Kuna pia pale bibi harusi, Sybil Seely, anapodondosha sabuni akiwa anaoga, na mkono wa mtu unaiziba lenzi hadi aiokote. Mwaka 1920, jamani!)

Sasa treni. Nyumba inahamishwa, inakwama relini. Treni inakuja, wanasukuma, wanashindwa, wanabaki kungoja kishindo. Treni inapita njia ya pembeni! Kamera imewekwa kwa pembe ambayo hukujua reli ni mbili. Wanashusha pumzi, nasi tunashusha, na papo hapo treni nyingine kutoka upande wa pili inaivunjavunja nyumba. Treni ya kweli hiyo, wala si kimfano cha mezani.

Katikati ya treni hizo mbili kuna sekunde chache tu, na kazi yote ya mhariri imo humo. Ukizipunguza, mtu hajapata kupumua, ukizirefusha, ameshabashiri. Ukiangukia nakala iliyowekewa muziki unaopanda kabla ya treni ya pili, zima sauti.