Joho, misuli na ashiki: yanayosemwa na yaliyo kweli

Wengi hudhani anayechora katuni za ashiki za mashujaa mashoga ni mchoraji aliyeshindwa kazi nyingine. Mtazame Patrick Fillion wa Kanada, anayeendesha kampuni ya uchapishaji ya Class Comics pamoja na Robert Fraser. Wahusika wake, kama Camili-Cat na Naked Justice, wana maadui, visa vinavyoendelea toleo hadi toleo, na nguvu za ajabu kama shujaa yeyote. Halafu kuna suala la ufundi. Mwili usio na nguo hausamehe: bega likikosewa, hakuna joho la kulifunika.

Lingine husemwa kwa hasira zaidi: kwamba mashujaa walikuwa safi mpaka mashoga walipowachafua. Lakini Joe Shuster, mmoja wa wawili waliombuni Superman, alichora vijitabu vya ashiki vilivyouzwa kwa siri New York miaka ya 1950, bila kutia sahihi. Hivyo vilihusu zaidi wanaume na wanawake, tena kwa mijeledi. Na mwaka 1954 daktari wa akili Fredric Wertham aliandika kwamba maisha ya Batman na Robin yalifanana na ndoto ya wanaume wawili wapendanao. Mwaka huohuo wachapishaji wa Marekani walijiwekea kanuni iliyopiga marufuku kilichoitwa upotovu wa kijinsia. Ndiyo maana Northstar, shujaa wa kampuni ya katuni ya Marvel, hakutamka kwamba ni shoga hadi 1992. Wenye hamu ya kuona zaidi ya hapo iliwabidi wachore wenyewe.

Je, anayejichapishia hana wa kumzuia? Muulize mwenye duka. Forodha ya Kanada ilizuia mara kwa mara shehena za Little Sister's, duka la vitabu la mashoga huko Vancouver. Kesi ilifika Mahakama ya Juu kabisa ya nchi, ambayo mwaka 2000 ilikiri kwamba duka lilibaguliwa.

Kuhusu dhana kwamba kazi hii huleta utajiri, nitasema machache. Touko Laaksonen, yaani Tom of Finland, mchoraji Mfini wa ashiki za mashoga, michoro yake ilikuwa juu ya jalada la jarida la Marekani tangu 1957, ilhali aliendelea na ajira ya matangazo ya biashara mpaka 1973. Alifariki 1991. Mwaka 2014 posta ya Ufini ilitoa stempu zenye wanaume wake, na watu wakazibandika kwenye barua.