Damu ya kijani juu ya miti ya Guinea Mpya

Aliyewahi kumpasua kuku anakijua kile kifuko cha kijani kilichojibana kwenye ini. Hutolewa taratibu, kwa ncha za vidole, maana kikipasuka nyama yote inakuwa chungu. Ukijani ule wa nyongo unatokana na kemikali iitwayo biliverdini. Sasa mfikirie mnyama ambaye biliverdini haikukaa kifukoni bali imejaa mwilini kote, hata damu, misuli, mifupa na ulimi wake vyote vina rangi ya kijani. Mnyama huyo yupo. Anapanda miti, anawinda wadudu, anazaa, wala hana ugonjwa wowote.

Ni mjusi-islamu, yaani yumo katika familia ile ile ya mijusi wenye magamba laini yanayong'aa ambao wengi tumezoea kuwaona ardhini wakiota jua. Jenasi yake ni Prasinohaema, jina la Kigiriki lisilozunguka: damu ya kijani. Makao yake ni misitu ya mvua ya Guinea Mpya, kisiwa cha pili kwa ukubwa duniani, ambacho upande wa magharibi ni Indonesia na upande wa mashariki ni Papua Guinea Mpya. Spishi mmoja, Prasinohaema virens, anafika hadi Visiwa vya Solomon.

Wengi wao ni wadogo wa kukaa kiganjani, na maisha yao ni ya juu, kwenye magome, matawi na mimea inayoota juu ya miti mingine kama okidi na kangaga. Mgeuze mmoja chali umtazame vidole. Chini yake magamba yametanuka yakawa vibapa vya kushikia, mfano wa vile vinavyomwezesha mjusi-kafiri kutembea darini. Mijusi-islamu kwa kawaida hawana kitu hicho, kwa hiyo kwangu mimi vidole hivi ni ushahidi mzuri kuliko hata rangi kwamba mnyama huyu ni wa mtini. Mwenzake, Prasinohaema prehensicauda, ameongeza na mkia wa kujizungushia tawini. Jina lake la pili ndilo linalosema hivyo: mkia unaoshika.

Turudi kwenye damu. Kwa binadamu, chembe nyekundu ya damu huishi siku 120 hivi. Ikizeeka, himoglobini iliyomo, ile kemikali nyekundu inayobeba oksijeni, huvunjwa, na kinachopatikana kwanza ni biliverdini, ya kijani. Kisha kimeng'enya huigeuza kuwa bilirubini, ya manjano, ambayo ini huitoa kupitia nyongo. Ini likishindwa kazi hiyo, macho hugeuka manjano. Kuku hana ile hatua ya pili, ndiyo sababu nyongo yake inabaki kijani. Lakini yeye anaitoa nje. Mjusi wetu anailimbikiza. Kiwango kilicho katika damu yake ni takriban mara 40 ya kile ambacho kingemuua binadamu. Chembe zake nyekundu bado zipo na bado zinabeba oksijeni kama kawaida, ila wekundu wake umefunikwa na kijani kilichomo katika majimaji ya damu.

Watu huniuliza kama ngozi ya mjusi nayo inapata rangi kutoka kwenye damu hiyo. Hapana, hayo ni mambo mawili. Katika misitu hiyo hiyo yupo Lamprolepis smaragdina, mjusi-islamu mwingine wa mitini, wa kijani kibichi cha kuvutia macho, na damu yake ni nyekundu kama yako.

Maelezo ya damu hii yalichapishwa kisayansi mwaka 1969. Mwaka 2018, watafiti waliolinganisha jeni za spishi 51 za mijusi-islamu wa Australia na visiwa jirani waligundua kuwa wenye damu ya kijani si ndugu wa tumbo moja. Tabia hiyo imezuka mara nne, kila mara katika ukoo tofauti. Baadhi yao wanataga mayai, wengine wanazaa watoto hai. Jambo likitokea mara moja unaweza kusema ni bahati. Likijirudia mara nne katika kisiwa kimoja, lazima kuna faida.

Faida gani? Dhana ya kwanza ilikuwa kwamba nyongo ile inamfanya mjusi awe mchungu kwa anayemla. Wanyama wanaokula mijusi walipopewa hawa, waliwala bila kusitasita. Dhana ya pili ni malaria. Mijusi nao wana vimelea vyao vya malaria, tofauti na vyetu, na biliverdini ni sumu kwa viumbe wengi wadogo. Lakini wachunguzi walipotazama damu ya baadhi ya mijusi hawa kwa hadubini, walivikuta vimelea vya malaria humo humo, ndani ya kijani, vikiendelea kuishi.