Kikande Anavyobadilisha Hesabu ya Mwamba

Kwenye miamba ya matumbawe iliyovuliwa sana, kama ya Vipingo na Kanamai, pwani ya Kenya, watafiti wamekuta wale viumbe wa miiba (kwa Kiingereza sea urchins), ambao kila mvuvi amewahi kuwakanyaga, wamejazana kwenye matundu. Ndani ya hifadhi ya bahari ya Malindi, iliyotengwa mwaka 1968, ni wachache. Kusi na kaskazi ni zile zile pande zote. Kinachotofautisha hasa ni samaki aitwaye kikande (kwa Kiingereza triggerfish).

Kikande ana taya za kuvunja gamba, na viumbe hao ndio chakula chake. Akiadimika kwa malema na mishipi, wao huongezeka. Wanakula mwani, na laiti wangeishia hapo! Meno yao hukwangua hata jiwe lenyewe, mwamba ukaliwa pole pole, huku pono na tafi wakikosa malisho.

Mnyororo huu ndio tunaouandika kwa hesabu na kuuita modeli. Kila kundi lina daftari lake, kama la mwenye duka: waliokuwepo, waliozaliwa, walioliwa, waliovuliwa. Mvuvi naye anahesabiwa kama mlaji.

Hesabu za namna hii zina karibu miaka 100. Vita vya Kwanza vya Dunia vilipopunguza uvuvi katika bahari ya Adriatic, papa na jamaa zao waliongezeka kwenye masoko ya samaki kuliko samaki wanaoliwa nao. Mwanahisabati wa Italia, Vito Volterra, akaeleza sababu kwa hesabu mwaka 1926: uvuvi humwumiza zaidi mlaji.

Kwa miamba ya kwetu, mtafiti wa miamba ya matumbawe, Tim McClanahan, alichapisha modeli yake mwaka 1995. Ilionyesha kwamba ukivua kila aina, hata samaki wanaokula viumbe wa miiba, viumbe hao hutawala na mapato ya wavuvi hushuka.

Hata hivyo, modeli ya ulaji peke yake isingetabiri joto la 1998, lililoua matumbawe mengi hata ndani ya hifadhi. Tope ambalo Mto Sabaki huleta baharini nalo linataka daftari lake.

Binafsi, hesabu hainisumbui sana. Takwimu ndizo zinazonisumbua. Kikande akiandikwa "samaki mchanganyiko", kwenye modeli hayupo. Kwa hiyo karani wa BMU (kikundi cha usimamizi wa ufuo) akikuuliza dikoni umepata nini, mtajie kila aina kwa jina lake, hata kama kikande ni mmoja tu chini ya tenga.