Je, wajua Lupita alianza kwa kutumwa?

Mwaka wa 2006 Rachel Weisz alishinda Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kike kwa The Constant Gardener, filamu iliyorekodiwa hapa Kenya. Miaka minane baadaye tuzo iyo hiyo ikamwendea Lupita Nyong'o. Huku Kisumu, alikowahi kuchaguliwa babake kuwa gavana, tunamwita nyarwa, binti yetu. Lakini wengi wetu hatujui kwamba kwenye seti ya filamu ile Lupita pia alikuwapo. Alikuwa mtu wa kutumwa huku na kule, msaidizi wa utayarishaji.

Kwa nini aanzie huko na kuigiza alikupenda tangu utotoni? Mwenyewe amewahi kueleza kwamba hakuwa na ujasiri wa kusema wazi anataka kuigiza. Akaenda Marekani kusomea filamu na drama katika Hampshire College, akaingia kazini akiwa nyuma ya kamera. Kwenye seti ya The Constant Gardener, Ralph Fiennes, mwigizaji mkuu wa filamu hiyo, alimshauri aigize ikiwa tu hawezi kuishi bila kuigiza. Ushauri mkavu kweli kumpa msichana wa miaka ishirini na kidogo!

Mwaka wa 2009 alionekana pande zote mbili: aliigiza Ayira katika tamthilia ya Shuga, na akatoa In My Genes, filamu ya hali halisi kuhusu Wakenya wenye ualbino, aliyoiongoza na kuihariri mwenyewe. Shule ya drama ya Yale alimaliza baadaye, 2012.

Sasa, kutumwa na kuhariri kunamsaidiaje mwigizaji? Mimi nilielewa siku nilipowakuta vijana wakishuti filamu pale Dunga, ufuoni mwa ziwa hapa Kisumu. Dada aliyeshinda asubuhi ameinua maiki kwenye fimbo ndefu, mchana alijifunga leso akawa shangazi mtu. Akanywa chai, akasema maneno yake. Mwongozaji akataka irudiwe. Dada, bila kuambiwa, akajaza kikombe hadi pale pale kilipoanzia na kukishika tena kwa mkono wa kushoto. Mwenzake, mgeni wa kamera, alikuwa keshabadilisha mkono. Vipande vile vikiunganishwa, kikombe kitaonekana kimehama chenyewe katikati ya sentensi.

Filamu hushutiwa vipande vipande, mara nyingi mwisho kabla ya mwanzo. Katika filamu ya Us ya 2019 Lupita ni watu wawili, Adelaide na Red, wanaokabiliana uso kwa uso. Kazi ya namna hiyo ni kuigiza upande mmoja, kubadili mavazi na sauti, kisha kurudi kujijibu mwenyewe huku ukikumbuka ulisimama wapi na ulitazama wapi. Kipaji peke yake hakikumbuki hayo.

Nilimuuliza yule dada wa Dunga kama yeye ni mwigizaji au fundi. Akanikabidhi maiki nimshikie, onyesho lake lilikuwa linaanza.