Umelala, umeamka, bado umechoka: maswali na majibu kuhusu uchovu wa kazi uliopitiliza

Nalala vizuri tu, lakini naamka kama sijalala. Nimekuwa mvivu?

Hapana. Mvivu akikaa, anafurahia kukaa kwake. Aliyechoka kupita kiasi hata akikaa hapati raha: mwili uko kwenye kiti, akili bado iko kazini, na dhamiri inamsuta kwamba kuna jambo hajalimaliza. Mara nyingi wanaofikia hapa ni wale wale waliokuwa wakisifiwa kwa kujituma, kwa sababu ndio wanaoongezewa mzigo kila mwenzao anapoondoka.

Hali hii ilianza kuandikwa kitaalamu mwaka 1974, pale mwanasaikolojia Herbert Freudenberger wa New York alipoeleza aliyoyaona kwa watu waliojitolea katika kliniki ya matibabu ya bure. Waliingia kwa moyo wote. Baada ya muda wakawa wamechoka, wepesi wa hasira, na hawana tena hamu na wagonjwa ambao wao wenyewe walikuja kuwahudumia. Freudenberger mwenyewe yalimkuta.

Nitautofautishaje na uchovu wa kawaida?

Uchovu wa kawaida huisha ukipumzika siku moja au mbili. Huu unakungoja Jumatatu asubuhi palepale ulipouacha Ijumaa.

Shirika la Afya Duniani (WHO) liliueleza mwaka 2019 katika toleo la 11 la orodha yake ya kimataifa ya magonjwa, lililoanza kutumika 2022. Halikuuita ugonjwa, liliuita hali inayotokana na msongo wa muda mrefu kazini ambao haukudhibitiwa. Dalili zake kuu ni tatu: kuishiwa nguvu, kujitenga na kazi kimawazo hadi kuibeza, na kuhisi kwamba hufanyi chochote cha maana.

Ya kwanza kila mtu anaiona. Ya pili ndiyo inayopita kimyakimya. Muuguzi anaanza kumtaja mgonjwa kwa namba ya kitanda. Mwalimu anaona swali la mwanafunzi kama usumbufu. Mtu aliyekuwa mcheshi sasa kila akifungua mdomo ni kejeli. Wengi hudhani roho yao imeharibika, na aibu hiyo inawazuia kusema. Si roho mbaya. Akili isiyo na cha kutoa hujikinga kwa kuacha kujali.

Mwili nao husema: kichwa kuuma mara kwa mara, shingo na mgongo kukaza, tumbo kuvurugika, kuzinduka saa tisa usiku na kuanza kuhesabu kazi za kesho, kusahau mambo madogo, kufoka nyumbani kwa jambo lisilostahili.

Kwa nini kulala peke yake hakutoshi?

Kwa sababu usingizi hurudisha nguvu vizuri zaidi pale mwili unapokubali kwamba hatari imepita. Ukiwa na msongo, mwili humwaga homoni za adrenalini na kortisoli: moyo huenda mbio, misuli hukaza, mmeng'enyo hupungua. Kwa dharura fupi, huo ni msaada mkubwa. Taabu ni pale dharura inapokuwa ya kila siku. Kwa kawaida kortisoli huwa juu asubuhi na hushuka kuelekea usiku, lakini anayejibu ujumbe wa kazi akiwa tayari kitandani anauambia mwili kwamba mchana haujaisha. Basi unalala kwa muda wa saa 8, na usingizi wenyewe ni mwepesi na wa kukatikakatika.

Je, hii si sonona (ugonjwa wa huzuni nzito, depression)?

Zinafanana, na moja inaweza kuzaa nyingine. Uchovu wa kazi, hasa mwanzoni, unafungamana na kazi: ukiwa mbali nayo bado unaweza kucheka na kufurahia vitu vyako. Sonona inakufuata kila mahali. Ukipitisha wiki 2 au zaidi ukiwa na huzuni karibu kila siku, hupendi tena chochote na unajiona huna thamani, nenda kwa daktari au mtaalamu wa afya ya akili. Likizo haitibu sonona. Na yakikujia mawazo ya kujidhuru au kutamani kufa, mwambie mtu unayemwamini na utafute huduma siku hiyo hiyo.

Nahitaji vipimo?

Ndiyo, na ningependa watu waanze hapa kabla ya kulaumu kazi kwa kila kitu. Upungufu wa damu, tezi ya thairoidi inayofanya kazi polepole, kisukari, ujauzito, baadhi ya dawa, na kukatika kwa pumzi usingizini (hasa kwa anayekoroma sana) vyote huleta uchovu usioisha. Vingi kati ya hivyo vina matibabu. Maumivu ya kifua, kupumua kwa shida, homa zisizoisha au kupungua uzito bila sababu ni mambo ya kuwahi hospitali.

Nikichukua likizo nitapona?

Utapata nafuu. Lakini faida ya likizo huwa inafifia ndani ya wiki chache baada ya kurudi, iwapo unarudi kwenye mzigo ule ule. Christina Maslach na Michael Leiter, watafiti waliolichunguza jambo hili kwa miaka mingi, wanataja maeneo sita ya kuangalia: wingi wa kazi, uhuru wa kuamua, malipo na shukrani, uhusiano na wenzako, haki, na kama kazi inaendana na unachokiamini. Ona kwamba wingi wa kazi ni eneo moja tu. Mtu anaweza kuchomwa na upendeleo ofisini kuliko saa za ziada, na huyo hata akilala mwezi mzima atarudi na kinyongo chake.

Basi kupumzika kwenyewe kukoje?

Kwanza ni akili kutoka kazini. Weka saa ambayo ujumbe wa kazi haufunguliwi tena, na kabla ya kuondoka andika yaliyobaki na utakapoanzia kesho, ili kichwa kisijifanye daftari usiku kucha. Kulala kitandani huku unapitisha kidole kwenye simu saa mbili nzima ni kukaa tu. Macho na akili havijapumzika.

Usingizi: watu wazima wengi wanahitaji saa 7 au zaidi, na kuamka wakati ule ule kila siku kunasaidia kuliko kulipa deni lote mwisho wa wiki. Kahawa ipunguze mchana. Baada ya takriban saa 5, nusu ya kafeini bado imo mwilini, hivyo kikombe cha saa kumi jioni bado kinafanya kazi saa tatu usiku. Pombe huleta usingizi haraka kisha huuvuruga.

Mazoezi? WHO inashauri angalau dakika 150 za mwendo wa wastani kwa wiki, lakini aliyeishiwa kabisa asianze na lengo hilo. Kutembea dakika 10 kunatosha kwa sasa. Kujitunza kusiwe kazi nyingine ya kujipimia ufanisi.

Siwezi kuacha kazi. Nimwambie nini bosi?

Usianze na "nimechoka", maana kila mtu atajibu kwamba naye amechoka. Peleka orodha ya kazi zako na muda zinaochukua, kisha uliza: ipi itangulie, ipi isubiri, ipi apewe mwingine? Kama saa ndizo tatizo, una hoja ya kiafya. WHO na Shirika la Kazi Duniani (ILO) walieleza mwaka 2021 kwamba anayefanya kazi saa 55 au zaidi kwa wiki ana hatari ya kiharusi iliyozidi kwa takriban asilimia 35 ikilinganishwa na anayefanya saa 35 hadi 40.

Wapo wakuu wa kazi wasiosikia. Hapo kutafuta pa kuhamia, taratibu na kwa mpango, nako ni sehemu ya matibabu.

Mimi sina mwajiri. Namuuguza mzazi nyumbani.

Maelezo ya WHO yanahusu kazi ya ajira, lakini mwili wako hauulizi kama unalipwa. Omba zamu ya saa mahususi kwa mtu mahususi: "Njoo Jumamosi mchana ukae naye." Ombi la jumla la msaada hupata ahadi za jumla.

Itachukua muda gani?

Wengine wiki kadhaa, wengine miezi, kulingana na ulivyochelewa na kilichobadilika. Nguvu hurudi kwa kupanda na kushuka. Hatari kubwa ni siku ile ya kwanza unapojisikia mzima na kutaka kufidia yote yaliyolala. Rudi kwa nusu ya kasi hiyo, na ukianza tena kuzinduka saa tisa usiku, punguza kitu wiki hiyo hiyo.