Asiyeripoti ukatili wa kingono jeshini hajapoteza haki ya kutibiwa

Wako wanaoamini kwamba askari wa Marekani aliyefanyiwa ukatili wa kingono akiwa jeshini, asipotoa taarifa wakati ule, amejifungia mlango wa msaada maisha yake yote. Si kweli, na imani hiyo inawaumiza watu waliokwisha kuumizwa. Idara ya Masuala ya Maveterani ya nchi hiyo, inayohudumia askari wa zamani, hutibu bure maradhi ya mwili na ya akili yatokanayo na ukatili huo, kwa wanawake na wanaume vilevile, bila kumdai mhusika ripoti wala ushahidi.

Fidia ya ulemavu ndiyo inayohitaji uthibitisho, na hapo ndipo mtetezi makini, yaani anayemsaidia askari wa zamani kudai fidia hiyo, hufaa zaidi. Kanuni zinakubali ushahidi wa pembeni: ombi la ghafla la kuhamishwa, kipimo cha ujauzito au cha magonjwa ya zinaa, hata barua ambayo mhusika alimwandikia dada yake kipindi kile. Mtetezi huketi na faili la utumishi akilinganisha tathmini za kabla na baada ya tukio, kwa kuwa askari aliyekuwa akisifiwa kila mwaka, kisha akaanza kuadhibiwa kwa utoro, ameacha alama ambayo wakubwa wake hawakujali kuisoma.

Aliye bado jeshini naye anaweza, kwa utaratibu ulioanza mwaka 2005, kutoa taarifa ya siri inayomfikisha kwa daktari na mtetezi wa waathirika bila uchunguzi kuanzishwa wala kamanda kutajiwa jina lake.